Ufunguo Uko kwa Bi Mkubwa

Mzee Mwishehe alikuwa amepakata betri mpya ya gari kama mjukuu, na Zuwena, kiti cha nyuma yake ndani ya basi, alikuwa ametega sikio.

"Gari linawaka, linazima hapohapo," mzee alimlalamikia fundi umeme wa magari aliyeketi naye.

"Ufunguo wa kuchongesha, eti? Hauna chipu, gari haliutambui. Betri umeisingizia bure. Ule wenyewe uko wapi?"

"Mke mkubwa kaufungia sandukuni, nisiende kwa mdogo Kisarawe."

"Basi gari liko upande wake, mzee wangu. Hata nikikutengenezea mwingine, lazima ule uwepo."

"Wa Gwata!" konda akaita, basi likasimama.

"Fundi, mwanangu, tushuke wote, ukamweleze bi mkubwa wewe."

Fundi alikuwa ameshapitiwa na usingizi wa ghafla. Zuwena, asiye na ndugu hata mmoja Gwata, alikuwa anatafuta ndala zake.