Nyumba Moja kwa Bei ya Tatu

Bwana asifiwe! Opak Ruoth! Asifiwe tena, hata na nyinyi wenye mikopo, msijifiche nyuma ya vitabu vya nyimbo. Leo ni zamu yangu, na mchungaji anisamehe mapema, sitamaliza haraka.

Mimi ni Perez, Mama Tito. Nashona sare za shule hapa Kisumu. Mume wangu, Baba Tito, ni yule pale kando aliyejiinamia, fundi wa mitambo ya maji. Nilimwomba ruhusa ya kusema mambo haya mbele yenu. Akaniambia, "Sema, lakini usinitaje sana." Ndugu zangu, nitajaribu.

Niliumbwa na ugonjwa wa kuuliza. Kwetu Usenge, nikiwa mtoto, akina mama walioanika omena, dagaa wa ziwani, waliniita Nyar Penjo, binti wa kuuliza. Mvua ikianza kunyesha wanakimbia kufunika omena, nami nawafuata nyuma: "Lakini si hawa walitoka majini? Wanaogopa nini?" Walinifukuza kama kuku. Mpaka leo sijapona. Nauliza daktari, nauliza fundi wa viatu, nauliza mchungaji akimaliza kuhubiri, na mwenyewe anajua.

Sasa sikieni ajabu. Mtu huyo huyo wa maswali alinunua nyumba kwa mkopo wa benki na hakuuliza kitu!

Sababu ni hii. Akili yangu ya mikopo ilitoka kwenye chama cha akina mama cha kukopeshana. Nanyi mnajua chama chetu kinavyofanya. Unakopa elfu kumi, riba ni asilimia kumi, unarudisha elfu kumi na moja, tunakunywa chai, yameisha. Asilimia ni mara moja. Hakuna aliyewahi kukaa kwenye chama akaambiwa kwamba ile asilimia huamka tena mwaka unaofuata ikiwa na njaa. Kwa hiyo benki iliposema tunawapa milioni nne, riba asilimia kumi na tatu, nilipiga hesabu kichwani palepale kwenye kiti. Milioni nne na laki tano na kitu. Wakasema tutalipa kwa miaka ishirini. Nikamnong'oneza Baba Tito, "Miaka yote hiyo? Hawa watu wana huruma!" Naye akaitikia kwa kichwa, akaamini, akasaini. Nami nikasaini.

Tukaja hapa kutoa shukrani. Mlikula kuku wetu, msiniangalie hivyo.

Nyumba yenyewe naipenda, sitadanganya madhabahuni. Iko upande wa Otonglo, vyumba vitatu, na mlango wa nyuma ukiufungua asubuhi isiyo na ukungu unaona ziwa lote limelala. Miezi ya kwanza nilikuwa napapasa kuta kwa mkono, nikijiuliza kama ni zangu kweli. Kila mwezi tulilipa karibu elfu arobaini na saba. Na kila Januari, shule zikifunguliwa na wazazi wakinijia mbio na vitambaa, nilikuwa na pesa kidogo ya ziada, basi nikaipeleka benki juu ya malipo ya kawaida. Elfu sitini Januari ya kwanza, elfu sitini ya pili, elfu sitini ya tatu. Nilitoka pale nikitembea kwa maringo. Nilijiambia deni linakonda huku mimi nanenepa.

Halafu mambo yakageuka. Kazini kwa Baba Tito malipo ya saa za ziada yalikatwa. Tito akaingia sekondari, na mnajua ada. Ikafika mahali tunapika sukuma wiki siku nne mfululizo na kuiita lishe bora. Mume wangu akawa mtu wa kimya. Siku moja akaenda benki kuomba nafuu, akarudi na mkate na soda, uso umenawiri. Walikuwa wamemwambia wanaweza kuanza hesabu upya kwa miaka ishirini na mitano, na malipo ya kila mwezi yatapungua elfu tatu na nusu. Tusaini Alhamisi ya wiki inayofuata.

Nikamuuliza, "Na mwishoni itakuwa imefika ngapi yote?"

"Mwisho ni mbali, Mama Tito."

"Hata kama ni mbali, si una bei?"

"Wewe unataka nafuu au unataka mtihani?"

Nikanyamaza kwa sababu soda ilikuwa baridi. Lakini lile swali halikunyamaza. Ndugu zangu, kuna swali likikuingia ni kama mwiba wa samaki ngege kooni, huwezi kuzungumza jambo lingine mpaka litoke.

Kesho yake nilifunga cherehani, nikaenda benki. Dada aliyenihudumia alikuwa msichana mpole, ananiita mama, ananivutia kiti. Nikamwambia nataka kujua jambo moja tu: deni limebaki ngapi? Akanigeuzia kioo cha kompyuta. Milioni tatu, laki nane na elfu arobaini na ushee.

Nikacheka! Nilidhani amefungua akaunti ya mtu mwingine. Miaka mitatu tumelipa, zaidi ya milioni moja na laki sita imetoka mikononi mwetu, na deni limepungua laki moja na nusu peke yake? Akaangalia tena. Ni letu.

Akanieleza polepole. Ile asilimia kumi na tatu si ya mara moja kama ya chama. Ni ya kila mwaka, juu ya deni lililobaki. Na kwa kuwa mwanzoni deni ni kubwa, riba nayo ni kubwa, kwa hiyo katika kila elfu arobaini na saba tunazoleta, riba inakula kwanza, inashiba, na makombo ndiyo yanayopunguza deni. Nikamwomba anipigie hesabu mpaka mwisho wa miaka ishirini. Zaidi ya milioni kumi na moja. Nikamwomba anipigie na ile ya kurefusha ambayo mume wangu anataka kusaini, pamoja na tuliyokwisha kulipa. Zaidi ya milioni kumi na nne na nusu. Elfu tatu na nusu ya nafuu, na bei yake ni milioni tatu na zaidi!

Nilikaa pale nikatazama dari. Nikamuuliza, "Dada, mimi naishi katika nyumba moja. Nalipa karibu nyumba tatu. Hizo nyingine mbili ziko wapi?"

Akacheka, kisha akaona sichezi, akaniomba msamaha.

Niliogopa, ndugu zangu. Lakini niseme ukweli wote, chini ya ule woga kulikuwa na kitu kingine, hamu ya kujua. Nilitaka kuona mashine hii inavyozunguka ndani. Hakuna aliyenidanganya, kila kitu kilikuwa kimeandikwa tangu mwanzo. Mimi ndiye niliyesoma lugha ya benki kwa miwani ya chama.

Nilipomwambia Baba Tito alikasirika, si na mimi, na hewa. "Kwa hiyo unataka tufanye nini? Tusiposaini tutaanza kushindwa kulipa, na tukishindwa nyumba itapigwa mnada. Bora niwe na deni refu kuliko niwe na watoto barabarani." Na alikuwa na haki! Hapo ndipo tulipokwama. Kusaini ni kujifunga, kutosaini ni kupoteza nyumba. Wiki ile tulikula bila kutazamana. Niliomba. Niliomba kama mtu anayegonga mlango kwa ngumi: Bwana, lipa hili deni. Tuma mtu. Fanya muujiza. Na mbingu ikanyamaza, jii.

Jumapili ikafika, nami nilikuwa na zamu ya kuhesabu sadaka pamoja na Mzee Okello, mweka hazina wetu. Mnaijua kazi hiyo. Bahasha ya fungu la kumi huku, ya ujenzi kule, ya wajane pale. Nikafungua bahasha moja, ndani mna elfu mbili, na juu hakuna neno hata moja. Mzee Okello akaichukua, akazitupa zile noti kwenye kapu la sadaka ya kawaida.

Nikamuuliza, "Mzee, na kama mwenyewe alikusudia ujenzi?"

"Angeandika."

"Labda alidhani tutajua."

"Mama Tito, mimi ni mweka hazina, si nabii. Pesa isiyosema inakwenda wapi, inakwenda inakokwenda kila siku."

Haleluya! Nilisimama na sarafu zikamwagika chini. Mzee akadhani nimeumwa na siafu. Ndugu zangu, nilikuwa nimeona bahasha zangu tatu! Zile elfu sitini za Januari. Nilikuwa nazipeleka benki, nalipa, nasema asante, naondoka kwa maringo. Je, kuna siku niliyosema zinakwenda wapi? Hakuna! Hata siku moja!

Siku ya Jumatatu nilimvuta Baba Tito kwa mkono. Alikuja akinung'unika kwamba maswali yangu yatatufukuzisha mji. Tukamkuta dada yule yule, na karatasi za kurefusha mkopo alikuwa tayari amezichapisha, zimelala mezani na kalamu juu yake. Nikasema, kabla ya yote, ile pesa niliyokuwa nikizidisha kila Januari iliingia wapi?

Akabonyeza, akatafuta, nyusi zikapanda. "Ipo, mama. Laki moja na elfu themanini. Imekaa tu inangoja, kama malipo ya miezi ijayo."

"Imekaa? Mbona haikupunguza deni?"

"Hamkutoa maagizo."

Hapo Baba Tito, ambaye sikutaka kumtaja sana, akasogeza kiti mbele. "Maagizo gani?"

"Kwamba ipunguze deni lenyewe, mzee. Mkiandika hivyo, inakwenda kwenye deni moja kwa moja. Msipoandika, tunaishika kwa ajili ya malipo yenu."

Nikauliza kama kuna faini ya kulipa mapema, kwa sababu nilisikia benki nyingine zinatoza. Akaangalia mkataba wetu, akasema kwa kiasi hicho hakuna. Basi andika! Akaandika, tukatia sahihi, na palepale tukiwa tumeketi deni likashuka kwa laki moja na elfu themanini. Mmesikia? Asubuhi moja ilifanya kazi kubwa kuliko miaka mitatu! Na kwa sababu riba sasa inahesabiwa juu ya deni dogo, akatuonyesha kwamba tukiendelea na malipo yale yale tumekata zaidi ya miaka miwili mwishoni. Nikamuuliza, na nikiendelea na Januari zangu, nikiandika kila mara zinakokwenda? Akapiga hesabu. Tutamaliza karibu miaka sita mapema kuliko tulivyopangiwa. Nilitaka kumkumbatia, meza ikanizuia.

Lakini zile karatasi bado zilikuwa pale, na kalamu bado ilikuwa juu yake. Na shida ya mwezi haikuwa imeondoka, mjue hilo. Nyumbani sukuma wiki ilikuwa inatungoja. Kwa mara ya kwanza maishani mwangu sikuwa na swali. Nilimtazama mume wangu akizitazama. Akaziweka pamoja vizuri, akamrudishia yule dada kwa mikono miwili, kwa heshima.

Akasema, "Asante. Hiyo elfu tatu na nusu nitaitafuta mwenyewe."

Nililia palepale benki, watu kwenye foleni wakadhani tumenyimwa mkopo.

Sasa siku za Jumamosi anatengeneza pampu za watu huko Otonglo mpaka Maseno, anarudi amejaa grisi, na anapiga mluzi. Zamani alikuwa hapigi mluzi. Juzi alikuja kuniuliza, yeye mwenyewe, kama tukiongeza elfu mbili ya pampu kwenye deni itakata miezi mingapi. Mwone alivyojiinamia! Nimemwambukiza.

Ndugu zangu, wako wanaosimama hapa wakashuhudia kwamba deni lao limefutwa. Nawafurahia. Langu halikufutwa. Lipo, nitalilipa mwezi huu na mingine mingi. Nilimwomba Mungu alipe, naye akanijibu kwa bahasha isiyoandikwa kitu. Nilikuwa nimefungwa na kutojua, naye amenifungua macho. Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa, na ni kweli, lakini hata dawa ina namna yake ya kumezwa.

Namshukuru Mungu. Namshukuru Mzee Okello ambaye si nabii. Namshukuru yule dada wa benki aliyenivumilia. Na wewe uliyeketi hapo, uliyeficha karatasi za mkopo chini ya godoro kwa sababu unaogopa kuzisoma, nakusihi, mtumaini Bwana leo. Yeye hakasiriki ukimuuliza, wala hakuiti mjinga. Mwombe akupe ujasiri wa kujua bei yote ya kile ulichosaini. Kisha kesho, benki ikifunguliwa, nenda. Na kama miguu inakutetemeka, pitia kwangu kwanza. Nitafunga cherehani, nitavaa viatu, tutaingia mlango ule pamoja.