Kamera Ile Inatazama Wapi

Asubuhi hiyo tuliikuta kamera imesimama kwa miguu yake mitatu mbele ya benchi letu, jicho limevalishwa kofia, mwenyewe hayupo. Mwenyewe ni binti wa yule dobi wa zamani, mtoto niliyekuwa namsuka kwa mikono yangu hii, na kazi yake siku hizi ni kuzunguka akipiga filamu za watu walioonewa. Mimi nikamimina kahawa kama kawaida. Nyuma ya benchi, ng'ambo ya uchochoro, cherehani za kiwanda cha mashati zinaunguruma, na mjukuu wangu yumo humo anashona kola. Walikaa watatu: Spika, asiyenyamaza hata akimeza, Fundi Saa, na Ufunguo, mlinzi wa kiwanda, jina tulilompa kwa ule ufunguo anaouvaa shingoni.

— Kaja kutupiga sisi, Spika akasema. Ndiyo maana nimevaa shati la arusi.

— Kwani wewe umeonewa na nani? Fundi Saa akamuuliza.

— Na mke wangu.

— Acha kamba. Huyu alianza na wajane waliotupiwa vyombo nje. Akaenda kwa wachimba chumvi, akakaa nao mpaka miguu ikamchubuka. Halafu wale mahabusu waliosahauliwa. Hapa kwetu kuna nini?

— Hapa hakuna kitu, Ufunguo akasema. Mtaa umetulia.

— Basi anatafuta mchumba, Spika akasema. Kawachoka wenye shida.

Fundi Saa akashusha sauti.

— Nasikia kamera hizo zinaona mpaka chini ya ardhi. Hapo ulipokaa pana madini.

Spika akainuka, akachungulia chini ya benchi. Tulicheka mpaka nikamwaga kahawa.

— Na kofia ile? nikauliza. Mbona hapigi?

— Ndivyo anavyofanya, Bibi, Fundi Saa akasema. Anaiacha kwanza watu waizoee. Kule kwenye chumvi waliizoea mpaka wakawa wanaianikia nguo.

Mara akatokea mwenyewe, vumbi miguuni.

— Shikamoo, Bibi.

— Marahaba, mwanangu. Kahawa hii.

— Hebu tuambie, binti, Spika akadakia, unatupiga sisi?

— Nyinyi mmenizibia tu, baba. Natazama mlango ule.

Tukageuka wote. Mlango wa chuma wa kiwanda, kufuli kwa nje, kama kila siku. Akamgeukia Ufunguo, akamuuliza taratibu, kama anayeuliza njia:

— Kaka, wewe ukiwa hapa unakunywa kahawa, na humo ndani kukashika moto, wanatokaje?

Cherehani ziliendelea kuunguruma. Mjukuu wangu anakaa kwenye ile ya mwisho kabisa, ukutani.

— Tajiri ndiye aliyesema nifunge, Ufunguo akasema. Wasitoke na mashati.

— Sikuuliza nani kasema, kaka.

Ufunguo akakiweka kikombe chini, kimejaa nusu.

— Bibi, kahawa yangu utaniletea kule.

Nilimpelekea. Nilimkuta kasimama kando ya mlango ulio wazi, kufuli mkononi, hajui pa kuliweka.