Mkanda wa Kibanja cha Ephrasia

Na Alistidia, mpika chai wa ofisi

Aliyebandika ubaoni vile vistari viwili vya kumuaga Ma Joviana avibandue. Mtu kafanya kazi miaka ishirini na miwili, anaagwa kwa maneno machache kuliko tangazo la mbuzi aliyepotea? Shule mmesoma, adabu mliiacha wapi?

Joviana Kemilembe, mzaliwa wa Kashozi, aliingia ofisi yetu ya sinema hapa Bukoba Juni 1962. Anastaafu Ijumaa, tarehe 29 Juni 1984.

Mwanzo alipewa kushona na kufua shuka la kuonyeshea picha. Kamera ilikuwa ya wanaume. Siku ya kufungua darasa Kibeta mpiga picha akaugua malaria, Ma Joviana akaishika kamera, na hakuirudisha. Picha zake za kwanza zilikata watu vichwa, tusidanganyane. Za pili zilikuwa na vichwa.

Wenzake walipopiga picha wakubwa wakikata utepe, yeye alipiga wanawake wanaochuma kahawa ambayo hawaruhusiwi kuiuza. Wakamtania kwamba anamaliza filamu ya serikali kwa vikapu. Alipakia betri garini.

Kazi yake kubwa ni ya Muleba, mwaka 1974. Mume wa Ephrasia alifariki bila mtoto wa kiume. Matanga yalipokwisha, shemeji zake wakaja kumtoa kwenye kibanja, migomba na kahawa yote. Ma Joviana akafika na kamera. Sasa, sisi Wahaya na kupigwa picha mnatujua. Badala ya kumfukuza, shemeji mkubwa, Buberwa, alirudi nyumbani kuvaa kanzu nyeupe na koti. Akatembea mpaka hadi mpaka akionyesha kila mbuni: huu alipanda Ephrasia, na huu Ephrasia, na kuanzia leo yote ni yetu. Kinasa sauti kilimeza kila neno.

Mkanda ulipelekwa kusafishwa Dar es Salaam, ukarudi baada ya miezi minne, Ephrasia akilala jikoni kwa jirani. Baraza la wazee likakaa mchana katika ghala la kahawa, madirisha yamezibwa kwa magunia. Buberwa alikuja na wageni wa kumtazama. Koti alilivua kwa joto, akabaki na kanzu ile ile. Aliposikia maneno yake mwenyewe, aliruka akasimama mbele ya shuka ili aizuie picha. Kumbe kanzu ni nyeupe kuliko shuka! Buberwa wa sinema akaendelea kusema juu ya kifua cha Buberwa wa Muleba: huu alipanda Ephrasia. Mama mmoja nyuma akapaza sauti kwa heshima zote, “Tata Buberwa, usisogee, hapo ndipo tunakuona vizuri!”

Wazee walicheka, kisha wakaamua. Ephrasia yumo kibanjani mwake hadi leo, na kahawa anaiuza kwa jina lake.

Ma Joviana, ahsante. Kakae Kashozi kwa amani, ule senene wako wa kukaanga, magoti yapone.

Ila mkanda haustaafu. Kule Kemondo shemeji za mjane Immakulata wanakaa na wazee Jumamosi kugawa kibanja chake, na ninyi mmeutupa kabatini chini ya makopo ya rangi. Philbert, wewe ndiye dereva. Utoe leo, chaji betri, na Jumamosi asubuhi gari liwe Kemondo, wazee wauone mkanda kabla hawajakaa. Shuka nimeshafua.