Stefan Hruska, Aliyeitwa Carter Msimu wa Kwanza wa Ligi

Marehemu Stefan Hruska alizaliwa tarehe 14 Februari 1894 katika kijiji cha Lipovec, ng'ambo ya bahari, mtoto wa tatu wa mzee Pavol Hruska na mama Katarina. Aliletwa hapa Corbin Mills, Ohio, mwaka 1905.

Alisoma shule ya parokia hadi darasa la tatu. Kwa kuwa hakujua Kiingereza, sista alimkalisha na watoto wadogo, magoti yake yakawa yanainua dawati. Mimi mkewe, Ludmila, ninayesoma haya, sikufika hata hapo. Herufi nilifundishwa ukubwani na binti yangu. Padri amenisahihishia tahajia tu. Alitaka pia kunipunguzia maneno, nikakataa.

Akiwa na miaka kumi na mitatu marehemu aliingia kiwanda cha chupa. Alianza kwa kubeba chupa za moto, akapanda hadi kuwa mpulizaji, anayeumba chupa kwa kupuliza kioo cha moto kwa bomba. Aliposhika bomba lake mbele ya tanuri, wenzake walikuwa wakisimama kumtazama.

Tulifunga ndoa tarehe 6 Mei 1916. Alikuja kuniposa na ndege wa kioo aliyempuliza kwa masalia ya kioo ya zamu yake.

"Bata mzuri," nikamwambia.

"Ni njiwa."

"Njiwa gani ana shingo kama bomba la jiko?"

"Huyu anaangalia kama baba yako yumo ndani," akasema. Baba alikuwamo, nyuma ya pazia, akacheka hadi akajitokeza. Ndivyo nilivyoolewa.

Sasa nifike mwaka 1920, kwenye uchafu wenyewe. Kabla ya hapo mpira huu wa kubebwa kwapani na kuangushana ulikuwa wa Jumapili tu, mji kwa mji. Vuli ile wakubwa wakaunda ligi, wakaweka na kanuni: mchezaji wa timu moja asichukuliwe na nyingine msimu ukiendelea. Marehemu aliuanza msimu na timu ya Tarrsburg, ng'ambo ya mto. Baada ya mechi tatu Bwana Leland Pruitt, meneja wa timu ya hapa, akaja jikoni kwangu.

"Stefan, kuanzia leo wewe ni Jim Carter."

"Na sura yangu je?"

"Ukishapakwa matope, hata mama yako hakujui." Wakacheka. Kisha akanigeukia. "Shemeji, wewe hujasikia kitu."

"Mimi si shemeji yako," nikamjibu.

Kila Jumatatu nilifua jezi zao kumi na saba za sufu, zimejaa matope, damu na mate ya tumbaku, katika sufuria niliyochemshia nepi za mwanangu. Hata leo nikisikia harufu ya sufu mbichi, nafungua madirisha.

Jumapili ya tarehe 28 Novemba walicheza Wexham, maili sitini kutoka hapa. Marehemu alipigwa goti kichwani, hakuinuka. Walimpeleka hospitali ya huko, wakamwandikisha Jim Carter, asiye na ndugu. Jumatatu hakurudi. Nikaenda kwa Bwana Pruitt, nikamkuta barazani na gazeti lake.

"Mume wangu yuko wapi?"

"Mume wako nani?"

"Stefan Hruska. Umekula supu yangu, unaniuliza nani?"

"Mama, timu yangu haina Hruska. Shika gazeti, soma majina." Alijua siwezi kusoma.

Nilipanda treni hadi Wexham na mtoto mgongoni. Mwanamke wa mlangoni pa hospitali akapekua daftari lake mara mbili. "Hatuna Hruska, dada." Nikarudi nyumbani. Kumbe niliposimama pale mlangoni, mume wangu alikuwa ghorofa ya pili ya hospitali ile, juu ya kichwa changu. Siku ya tisa shemeji yangu Matúš alimpata kwa kupita kitanda kwa kitanda. Alipomuuliza jina, akasema, "Jim Carter," kama alivyofundishwa. Bwana Pruitt alinyamaza kwa sababu angesema, ligi ingemnyang'anya ushindi wa siku ile. Msimu ukaisha, wakawa wa nne. Kwa nafasi ya nne walimwacha mtu alale siku tisa bila wa kumpa maji ya kunywa anayemjua.

Ugonjwa wake ulianzia hapo. Kichwa kilimuuma mchana na usiku, mikono ikatetemeka, bomba la kupulizia halikushikika tena. Kiwanda kikampa ufagio. Siku nyingine aliwasahau wanawe. Siku nyingine niliita Stefan, asigeuke. Alifariki nyumbani Ijumaa, tarehe 3 Machi 1939, saa kumi na moja alfajiri, akiwa na miaka arobaini na mitano.

Juzi Jumamosi Bwana Pruitt alikuja na shada la maua lenye utepe ulioandikwa Carter.

"Mama Hruska, vijana wa msimu wa kwanza wanaomba marehemu asomwe kwa jina wanalomjua nalo."

"Umeniita nani?"

"Mama Hruska."

"Kumbe unalijua. Miaka kumi na minane iliyopita lilikushinda."

"Yale yamepita, mama."

Nikamwambia asimame leo mbele yenu, aseme Carter alikuwa Stefan, na kwamba yeye Pruitt alijua mahali marehemu alipolala siku zile tisa. Akatazama kofia yake. "Rekodi za ligi zimeshaandikwa," akasema.

Shada lake liko nje ya lango la makaburi na halitaingia. Yeye mwenyewe ameketi safu ya tatu. Hadi udongo utakapoanza kumwagwa, anaweza kusimama, na nitamsikiliza.

Marehemu ameacha mjane, Ludmila. Watoto wawili, Andrej na Zuzana. Kaka yake, Matúš wa Tarrsburg. Na mjukuu mmoja wa kike. Jim Carter hakuacha mjane wala yatima, na hapa hana kaburi. Tunayemzika ni Stefan Hruska, mwana wa Pavol. Mungu ampe usingizi ambao kichwa chake kilimnyima.