Mukwe Juu ya Kichwa

Kamyo ilitoka Beni na magunia ya kahawa, na Florentine alikaa juu yake, masikio wazi. Mbele yake Mama Godelive, mujane wa Butembo, alimuonyesha karatasi Urbain, karani mugeni kutoka Kasai. Leo ataweka kidole cha wino kwenye karatasi hiyo: wafanyabiashara watachukua shamba lake la ndizi, wajenge nyumba ya etaje, ghorofa tano, naye wampatie etaje ya chini.

"Na unanuna, mama?" Urbain aliuliza. "Dipanda, uhuru wetu, ndiyo hii! Utakaa sawa bazungu!"

"Lakini etaje ya pili wamepatia bwana wa binti yangu."

"Donc? Kuna ubaya gani? Ni furaha!"

"Furaha gani? Mukwe alale juu ya kichwa yangu? Kwetu mama na mukwe hawaonane: nikimuona njiani ninaingia mu majani!"

"Basi upande wewe juu."

"Nimulalie mimi? Yesu!" Kamyo muzima ikacheka. Florentine aliuma kikwembe, kitenge chake, asisikike.

"Katikati kuna simenti, mama, nene hivi!"

"Simenti inafunga macho, mwana wangu. Kitanda je? Kitanda inalia."

Urbain alicheka mpaka kofia ikaanguka barabarani, na hakuna aliyesimamisha dereva.

Butembo, kamyo iliposimama, mwenye kushikia wafanyabiashara wino alikuwa mukwe mwenyewe, ndani ya koti mupya. Mama Godelive akajifunika uso. Mukwe akageukia ukuta, wino nyuma ya mugongo.

"Karani," mama alisema chini ya kikwembe, "uniulizie yule mutu: mulango ya kuingilia itakuwa moja, ao mbili?"