Afande Ulimpa, Askari Aliyekataa Kudai Madeni ya Watu

Marehemu baba yetu, ambaye nusu ya mji ilimjua kwa jina la Afande Ulimpa, alizaliwa tarehe 14 Machi 1951 katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya kiwanda cha sabuni, kitinda mimba wa fundi viatu na mkewe.

Alianza shule mwaka 1959. Siku moja alirudi nyumbani analia, mfuko mtupu. "Mama, wameniibia gololi zangu zote!" Bibi hakuacha kufua. "Ulizicheza mwenyewe au walikupora?" Akafuta machozi; alikuwa amezicheza mwenyewe. Alimaliza darasa la nane mwaka 1966, hesabu akizijua kiasi, na swali hilo akilijua vizuri sana.

Mwaka 1972 alijiunga na polisi, akawekwa kaunta. Watu walimiminika: "Afande, huyu kanilia hela zangu!" Naye, uso mkavu: "Ulimpa au alikupora?" Aliyeporwa alitoka naye mbio, kofia mkononi. Aliyekopesha kwa hiari yake alijibiwa, "Kama amekula, mpeleke hospitali. Deni nenda nalo mahakamani. Sisi hapa tunakamata wezi."

Mwaka 1979 mwenye duka la vitambaa, rafiki wa mkuu wa kituo, alimleta fundi cherehani, binti aliyekopa majora kisha wateja wakamkimbia. Alitaka binti awekwe ndani mpaka kaka zake walipe. Mkuu akaamuru selo ifunguliwe. Wiki hiyo baba alikuwa anasubiri cheo cha koplo, na alikitaka kweli. Alishamwambia kila jirani. "Nimwandikie kosa gani, mkuu?" aliuliza. "Vitambaa alipewa, hakupora." Mkuu akakohoa, akalitafuta kosa, hakulipata. Binti akaenda zake. Baba naye akaenda zake, kulinda geti la yadi ya magari mabovu, miaka mitatu, bila cheo.

Fundi alilipa deni kidogo kidogo mpaka likaisha, kisha akalitafuta hilo geti. Alimkuta askari kavaa shati lenye vifungo viwili tu, akafungua mkoba wake wa sindano. Walifunga ndoa tarehe 5 Desemba 1981. Kitambaa cha gauni kilitoka kwa mwenye duka yuleyule, aliyesimama mbele ya wageni akasema, "Hiki nimewapa mwenyewe, afande, usianze maswali yako!" Cheo kilikuja baadaye, na mwaka 2006 baba alistaafu akiwa sajenti.

Figo zilianza kumsumbua mwaka 2021. Siku za mwisho mama alimshika mkono. "Unaondoka na moyo wangu, mzee. Huu ni wizi."

Baba akafungua jicho moja. "Ulinipa au nilikupora?"

"Nilikupa."

"Basi si kesi ya polisi."

Mama alicheka mpaka nesi akaja kuangalia kuna nini. Baba alifariki alfajiri ya tarehe 9 Februari mwaka huu.

Ameacha mjane, dada mmoja, watoto wanne na wajukuu tisa. Tunalia, ndiyo, na tulitaka kusema kifo kimetupora. Lakini tunajua angetuuliza nini. Tulipewa, na Aliyetupa amechukua chake. Zamu yako imekwisha, afande. Pumzika kwa amani.