Udongo wa Nyumba ya Bi Mwanamkuu

Wasikilizaji wapendwa, hakuna mtu redioni anayemjua Bi Mwanamkuu wa Kariakoo kunishinda mimi. Isipokuwa wote waliowahi kuonana naye uso kwa uso.

Bi Mwanamkuu alifariki juma lililopita. Ndiye yule mjane wa vita vya Kagera aliyesimamisha nyumba, na mtaa ukasimama naye.

Mumewe alikwenda vitani akaacha nyumba ya miti mitupu, haijakandikwa. Hakurudi. Masika hayo yanakuja, na wanawe wamelala chini ya turubai. Shemeji yake, Abdulswamad, akamletea ushauri mtamu.

"Shemeji, mwanamke hajengi. Uza kiwanja, urudi kwenu."

"Kwetu ni hapa," akamjibu. "Wewe kanywe kahawa yako."

Kulipokucha akavuka barabara hadi kwa Bi Elieshi, mtu wa Kilimanjaro, naye mjane wa vita vile vile.

"Mwenzangu, kuta zako zinavuja?"

"Kama kifumbu cha nazi."

"Basi leo kwangu, kesho kwako."

Wakaanza wawili. Wakachimba udongo, wakaukanyaga, wakakandika. Elieshi akateleza, akaketi kwenye tope. Bi Mwanamkuu akamtazama. "Kaa hapo hapo. Kwa makalio unakanyaga vizuri zaidi."

Kicheko kile kikawatoa wajane wengine ndani. Nyumba baada ya nyumba, wasikilizaji. Leo kwangu, kesho kwako. Sharti lilikuwa moja tu: mguu usio na udongo hauli ubwabwa.

Mvua ya kwanza ikawakuta ndani. Wanawe wakavu, yeye mikono imechubuka, anaimba.

Binti yake, Badria, anasema, "Mama hakutuachia mali. Katuachia majirani."

Pole sana Badria. Pole Bi Elieshi, poleni wana mtaa. Nasi tuliobaki tujiulize: jirani akiangukiwa na ukuta, tunampa pole tu, au tunavua viatu?

Nauliza kwa sababu juzi, matangani, Mzee Abdulswamad aliinuka mbele ya watu. Akakohoa kidogo. "Nyumba hii tuliijenga mimi na marehemu. Udongo niliubeba kwa mabega haya, kutoka bonde la Msimbazi."

Bi Elieshi akaacha kupeta mchele. "Shemeji, udongo tuliuchimba hapa hapa uani."

"Uani wapi? Mbona shimo silioni?"

"Tulilijengea choo. Ndiko ulikotoka sasa hivi."